Dirisha Lililozibwa kwa Tofali

Nyumba aliyoacha mama yao ilikuwa na ukuta mmoja tu unaotazama barabara. Binti mkubwa, ambaye mtaa mzima ulimwita Madam kwa jinsi alivyopenda kuamrisha, alikaa vyumba vya kulia. Mdogo wake, mshonaji, alikaa kushoto, na dirisha lake ndilo lilikuwa duka. Wateja walisimama nje, wakaingiza vitambaa, wakaeleza mshono wanaoutaka.

Tangu mazishi hawakusemezana ila kwa kurushiana maneno. Kila mmoja alidai ndiye aliyemuuguza mama, na mwenzake alikuwa akipita kusalimia tu.

Madam akaamua kuupendezesha ukuta. Alinunua tofali za urembo, vile vipande vyembamba vinavyobandikwa kwa gundi juu ya plasta, ili mpita njia adhani nyumba yote ni ya tofali za kuchoma. Fundi alivuta kamba, akaweka pima maji, akaanza kubandika kutoka chini. Kazi yake ilikuwa safi, hilo hata mshonaji alilikubali moyoni.

Kisha mshonaji akasafiri kupeleka sare alizokuwa ameshonea shule moja. Aliporudi kesho yake mchana, dirisha halikuwepo. Palikuwa na tofali nyekundu, safu juu ya safu, na fundi juu ya ngazi akimalizia.

"Fundi, dirisha langu liko wapi?"

"Muulize mwenye kazi."

"Nakuuliza wewe uliyeliziba."

"Niliambiwa ni la stoo," alisema fundi, bila kugeuka.

Madam alitokea mlangoni, kikombe cha chai mkononi. "Nimechoka na watu wako kujazana mbele ya mlango wangu. Ukitaka duka, nenda sokoni."

"Nyumba hii ni ya mama."

"Mama alikuachia vyumba. Hakukuachia barabara."

Mshonaji aliingia ndani. Chumba kilikuwa giza mchana kweupe, saruji imedondoka juu ya vitambaa vya watu. Alidhani atalia, lakini kilichompanda kilikuwa hasira. Alitoka na nyundo na patasi.

Gundi ilikuwa bado mbichi. Vipande vilibanduka kirahisi, vikapasukia chini. Madam akamdaka mkono.

"Gusa tena uone."

"Nishike vizuri basi. Mkono huu ukichomoka sijui utatua wapi."

Madam aliuachia. Fundi alishuka, akakusanya miiko yake. "Ugomvi wa tumbo moja mimi siuwezi," alisema, akaondoka, na Madam alipomwita hakuitika.

Nyuma ya vipande hivyo palikuwa na matofali mazima yaliyojengwa kuziba dirisha. Mshonaji aligonga mpaka yakalegea na tundu likapatikana. Aliposogea pembeni kufuta vumbi machoni, Madam akabeba ndoo ya gundi iliyobaki, akaimimina yote tunduni. Chini ya tundu hilo palikuwa na cherehani.

"Hiyo ni ya mama," mshonaji alisema taratibu.

"Najua."

Watu waliokuwa wamesimama kutazama walianza kutawanyika, hakuna aliyetaka kuonekana pale. Mshonaji aliiangalia nyundo mkononi mwake, akaitupa mbali, maana alijiogopa. Akakimbilia ndani na matambara ya maji. Alisugua mpaka kucha zikauma, lakini gundi ilikuwa imeshaingia kwenye vyuma, na gurudumu halikuzunguka tena.

Mjomba wao aliitwa kusuluhisha. Alikaa sebuleni kwa Madam, akahamia kwa mshonaji, akarudi tena, kwa sababu hakuna aliyekubali kuketi chumba kimoja na mwenzake. Mwishowe alisema kila mtu afanye atakalo upande wake, akaenda zake bila kuaga.

Mshonaji aliazima cherehani kwa rafiki yake, akaweka dirisha kubwa zaidi lenye fremu ya chuma. Madam alitafuta fundi mwingine, akamalizia tofali zake mpaka kwenye mpaka wa vyumba, zikakatwa hapo kwa mstari ulionyooka. Upande wa pili ukabaki plasta iliyochubuka.

Wateja wageni huuliza kama ni nyumba mbili. Mshonaji huwajibu kwamba ndiyo, kisha huwauliza wanataka mikono mirefu au mifupi.