Mlango wa Mpangaji

Fundi alibonyeza kitufe kwenye kompyuta, na mlango mdogo uliochongwa chini ya mlango wa jikoni ukatii. Taa ya kijani iliwaka, mota ikanguruma kidogo, kifuniko cha plastiki kikainuka taratibu kama pazia analoinuliwa mgeni wa heshima. Mgeni hakuingia. Alikuwa ameketi juu ya ukuta wa uani, manyoya yamelowa manyunyu, mkia ameuzungushia miguu, akiutazama ukarimu wote ule kwa jicho la mtu aliyewahi kuuziwa mbuzi kwenye gunia.

"Umepona?" Mama aliuliza nyuma yake.

"Umepona, mama. Mlango hauna neno sasa."

"Mlango hauna neno. Haya, mwambie na yeye."

Mtaka cha mvunguni sharti ainame, wasemao husema, na Fundi alikuwa ameinama tangu adhuhuri, magoti yake yamechapwa alama za vigae, na mvungu haukumpa kitu. Alikuwa ameiondoa ile programu mpya na kuirudisha ya zamani. Alikuwa ameujaribu mlango mara nyingi kwa mkono wake mwenyewe, akiuingiza hadi kwenye kiwiko, akitulia, akingoja, na mlango ulimngoja naye kwa adabu. Kazi ilikuwa imekwisha. Kilichobaki hakikuwamo kwenye kompyuta.

Mwanamke aliyesimama nyuma yake na kisahani cha samaki hakuwa mama yake mzazi. Alikuwa mama wa mwanamume aliyemwacha. Ndoa ilipovunjika waligawana vyombo, wakagawana viti, mwanamume akapata kazi nchi za mbali akaenda zake, na paka akabaki bila fungu. Mama akampokea huku akiapa kwamba yeye hafugi wanyama. Haikupita muda akawa anamchambulia miiba ya samaki kwa vidole vyake. Akampa jina la Mpangaji, kwa sababu, alisema, anakula, analala, halipi kodi, na bado analalamikia huduma.

Fundi naye alibaki bila fungu, ila yeye hakuna aliyemchambulia kitu. Mama yake mzazi alifariki angali mdogo, akalelewa na shangazi mwenye mkono mwema na maneno machache. Alipoolewa alipata mume na mama kwa mpigo mmoja, na ukweli usiofaa kusemwa mbele za watu ni kwamba alipoachwa, aliyemlilia sana hakuwa mume. Lakini mtalaka haendi kwa mama wa aliyemwacha akaketi tu. Anafuata nini? Watu wana midomo. Na Mama mwenyewe, aliyekuwa akimwita mkwe wangu, mkwe wangu, hata mbele ya wageni, baada ya talaka alikosa la kumwita. Siku alipokuja kufunga mlango wa paka, Mama alimwita Fundi. Jina likaganda.

Kampuni yake ilitengeneza milango inayowajua paka wake. Paka hutiwa kidude kidogo kama punje ya mchele chini ya ngozi ya shingo. Akikaribia, mlango humtambua, hujifungua, kisha hujifunga asiingie kicheche wala paka wa watu. Kila baada ya muda milango hutumiwa programu mpya kwa njia ya mtandao, usiku, wenyewe wamelala. Na kila baada ya muda mlango wa Mama ulikuwa ukisumbua. Mara taa haizimi, mara unafunguka bila sababu. Mama angepiga simu: "Fundi, dude lako limeanza." Naye angekuja, akatengeneza kwa dakika chache, akanywa chai kwa saa nzima. Hivyo ndivyo walivyoishi, wanawake wawili na paka mmoja.

Hadi Jumapili. Mpangaji alikuwa na desturi yake: hakuwahi kupita mlango kwa hatua moja. Aliingiza kichwa na mabega, akasimama, nusu jikoni na nusu uani, akaangaza macho huku na huku. "Anakagua kama nimefagia," Mama alikuwa akisema. Programu mpya, iliyofika usiku wa kuamkia siku hiyo, haikujua desturi za watu. Ilifundishwa kwamba kilichoacha kusogea kimekwisha kupita. Mpangaji aliposimama kukagua, kifuniko kilimshukia kiunoni na kumbana. Mama alisema kilio kile hakikuwa cha paka. Alivuta kifuniko kisivutike, akachukua mchi, akakipiga hadi kilipolegea, na paka akachomoka kinyumenyume akiacha manyoya yamenasa plastiki. Tangu hapo hakuvuka kizingiti. Akifuatwa uani, aliruka upande wa pili wa ukuta. Akiwekewa chakula mlangoni, alikitazama kwa mbali. Mguu wa nyuma aliuburura. Alikuwa mzee, mvua haikuwa na dalili ya kukatika, na usiku mbwa wa mtaa walipita vichochoroni. Hakuna aliyehitaji kuambiwa mambo yangeishia wapi.

Simu ya Fundi ililia. Alikuwa mkuu wa kitengo.

"Vipi huko? Nimeona mlango umesharudi hewani."

"Mlango unafanya kazi."

"Safi. Kwa hiyo tatizo lilikuwa mtandao, kama ulivyoandika kwenye ripoti? Maana jioni hii tunataka tuitume programu mpya kwa wateja wote."

Fundi alitazama ukutani. Ofisini walikuwa na mfuko wa mchanga wenye uzito wa paka, umefungiwa ile punje, wakiuburura kwa kamba kupita mlangoni kutwa nzima. Waliuita Paka Mchanga na mtu fulani aliuchorea masharubu. Fundi ndiye aliyepunguza muda wa kifuniko kungoja, ili betri idumu, na Paka Mchanga alipita bila kuguswa, kwa kuwa Paka Mchanga hasiti. Hana cha kukagua.

"Nipe muda kidogo," alisema. "Bado naangalia."

Alipokata simu, Mama alikuwa bado amesimama palepale. Sasa alikiweka kisahani juu ya meza.

"Fundi. Hebu nifahamishe, mimi sikusomea mambo yenu. Jirani yangu hapo ana mlango kama huu. Mliufunga juma lile lile. Paka wake anaingia na kutoka kama waziri. Huo mtandao ulioniambia umeruka ukuta ukaja kwangu peke yangu?"

Njia ya mwongo ni fupi, na ya Fundi ilikuwa imefika ukingoni. Aliifunga kompyuta.

"Haukuwa mtandao, mama. Ni programu. Niliiandika mimi."

"Na ya jirani?"

"Ya jirani haijafika. Kuna milango michache inayopokea kwanza, kabla ya watu wengine. Milango ya majaribio. Kwa kawaida ni ya sisi wafanyakazi wenyewe, majumbani mwetu."

"Na hapa ni kwa mfanyakazi gani?"

"Niliuingiza mimi. Tangu siku ya kwanza. Sikukuuliza."

"Kwa nini?"

Alikuwa na majibu mengine, mazuri, ya kiofisi. Alichoka nayo kabla hajayatoa.

"Mlango wa majaribio husumbua," alisema. "Ukisumbua, unanipigia simu."

Maziwa yalikuwa motoni yakianza kuinuka. Mama aliyapunguzia moto bila kuyatazama. Ujanani alikuwa karani wa posta, na mtaani walimwita Mama Stempu hadi leo. Alikuwa na uso wa watu wa dirishani, uso usioonyesha kama barua yako imefika au imepotea.

"Kwa hiyo ulimtia Mpangaji mlangoni," alisema mwisho, "ili wewe upate kupita."

Fundi alikuwa ameiwaza siku hii. Katika mawazo yake Mama alicheka, au alilia, au alimshika mkono. Hakuwahi kuwaza kwamba angeambiwa kweli tupu, kavu, kama anayerudishiwa kifurushi chake. Aliona aibu hadi masikioni.

"Nilikaa dirisha lile miaka na miaka," Mama aliendelea. "Walinijia waongo wa kila namna. Anayetaka barua ya mkewe, anayetaka kifurushi cha marehemu. Niliwajua wote kabla hawajafungua mdomo. Wewe nakukaribisha jikoni kwangu, nakutilia chai, nasema maskini mtoto wa watu anahangaika na hili dude. Kumbe dude limetumwa! Ungekuja tu. Miguu unayo. Ungekuja tu."

"Ningekuja kama nani?"

Lilimtoka kwa sauti kubwa kuliko alivyokusudia. Kule ukutani paka alisimamisha masikio.

"Kama nani, mama? Mwanao ameniacha. Mkwe si mkwe tena. Siku ile nilitoka na masanduku yangu, wewe ulikuwa umesimama kibarazani, hukusema nenda, hukusema rudi. Sikuambiwa hata kwaheri. Tangu hapo unaniita jina la kazi. Fundi haji bila kitu kuharibika."

Mama alilizima jiko, akaenda chumbani kwake. Mlango wa chumba ulifungwa polepole, na hilo lilikuwa baya kuliko kama ungebamizwa.

Fundi alibaki jikoni na harufu ya maziwa. Alifikiri kuondoka, mkoba ulikuwa karibu na viatu vilikuwa karibu zaidi. Maji yamemwagika, hayazoleki, basi abaki afanye nini? Lakini nje paka alikuwa akiburura mguu ukutani, na lile halikuwa jambo la kumwachia mwanamke mwenye umri ule ahangaike nalo peke yake mvuani. Alichukua simu.

"Msiitume," alimwambia mkuu wa kitengo.

"Unasemaje?"

"Msiitume kwa mtu yeyote. Inabana. Paka halisi akisimama katikati, inambana. Haukuwa mtandao. Niliandika uongo."

"Unajua unachosema? Tumeshawatangazia wateja."

"Najua."

"Mfuko ulipita kila mara."

"Mfuko haufikiri, bosi. Kesho nitakuja nieleze mbele ya wote. Leo msiitume."

Hakungoja kujua kama amekubaliwa kwa hiari au kwa hasira. Alitoa bisibisi akalala kifudifudi. Aliyeumwa na nyoka akiona unyasi hushtuka, na paka huyu alikuwa akionyeshwa nyoka yuleyule na kuambiwa amebadilika tabia. Taa ile, mngurumo ule wa mota, kifuniko kile kikiinuka: kila alichokitengeneza Fundi tangu adhuhuri ndicho kilichomtisha. Alilegeza skrubu moja moja. Fremu iligoma, akaitikisa, ikatoka na vumbi la mbao. Akang'oa kifuniko, mota, taa, nyaya, akavirundika mbali, nyuma ya mlango wa stoo. Pakabaki tundu la mraba, kingo zake mbichi, na upepo wa mvua ukaingia jikoni bila hodi. Alipitisha kiganja kwenye kingo kutafuta vibanzi, akaving'oa. Kisha akasogea nyuma, akaketi sakafuni na mgongo ukutani, mguu mmoja ameukunja chini yake.

Giza lilikuwa linaanza kushika pembe za chumba Mama alipotoka. Alilitazama tundu. Akamtazama Fundi, na vumbi la mbao kwenye nywele zake.

"Panya wataingia," alisema.

"Wataingia, mama."

"Na baridi."

"Kesho nitaleta turubai tuning'inize. Likikubaliwa."

Mama hakusema kama linakubaliwa. Alichukua kisahani cha samaki juu ya meza, akakiweka sakafuni hatua kadhaa kutoka kwenye tundu, akavuta kigoda akaketi upande wa pili wa jikoni. Taa hakuiwasha. Macho yake yalikuwa mekundu, na hakujali kuyaficha. Walikaa hivyo, kila mmoja na ukuta wake. Bomba la sinki lilidondoka. Jirani alimwita paka wake ndani, na paka wa jirani akaenda.

Kitu kilitua uani kwa uzito usio sawa. Hakuna aliyegeuza shingo. Baada ya muda mrefu, kwenye tundu palitokea kidevu cheupe, kisha masharubu yenye matone, kisha kichwa kizima. Mpangaji alinusa ukingo wa chini, akanusa wa kulia. Alirudi nyuma, akapotea. Fundi alisikia pumzi ya Mama ikikatika. Kisha kichwa kikarudi, na safari hii mabega yakafuata, mguu wa kwanza ukakanyaga kigae, na wa pili.

Hapo akasimama, nusu ndani na nusu nje, kama alivyosimama siku zote. Mbavu zake zilihesabika. Aliangaza jiko, kigoda, kisahani, wanawake wawili. Mgongo wake ulikuwa ukitetemeka pale pale palipobanwa, ukingoja.

"Sijakusamehe," Mama alisema, kwa sauti ya chini kabisa, bila kuondoa macho kwa paka.

"Najua, mama."

"Lakini usiinuke. Utamtisha."

Mguu wa Fundi ulikuwa umekufa ganzi zamani. Hakuusogeza.