Motaboti ya Taratibu

Siku ile mahakama ilikuwa na kesi kumi na tisa, na mkalimani alikuwa mmoja. Alikuwa mwanamke wa miaka hamsini na saba, na kwa miaka ishirini na minane alikuwa amesimama kati ya kizimba na meza ya hakimu, akiyabeba maneno ya huku kuyapeleka kule. Sheria ziliandikwa kwa lugha ya mahakama, washtakiwa walijitetea kwa Kiswahili, na katikati hapakuwa na kitu ila koo lake. Kufikia saa saba mchana miguu ilikuwa imemvimba ndani ya viatu. Alikuwa amekwisha kujifunza kuvua kiatu kimoja kimoja nyuma ya meza ya karani bila mtu kuona.

Kesi ya kumi na nne ilikuwa ya mwanamume mfupi mwenye mvi za kwanza kwanza, aliyekamatwa na askari wa ziwani akiwa na abiria sita. Hati ilisema ameendesha boti ya mwendo kasi bila cheti maalumu. Sheria hiyo ilikuwa bado changa, ya miaka mitatu tu. Ilitungwa baada ya boti mbili zilizokuwa zikishindana kugongana na watu kuzama, na haikuwa na faini. Ilikuwa na kifungo tu, miezi sita.

Mkalimani aliipitisha macho hati, akamgeuzia mshtakiwa Kiswahili.

"Unashtakiwa kwamba uliendesha motaboti yenye abiria bila cheti. Ni kweli au si kweli?"

Mtu yule alimtazama kama anayeulizwa kama ana pua. "Motaboti ni yangu. Cheti hicho sina. Ni kweli."

Mkalimani akamwelekea hakimu, akasema kwa lugha ya mahakama, "Anakiri. Boti ya mwendo kasi ni yake, na cheti hana."

Hakimu akaandika. Akauliza kama mshtakiwa ana la kusema kabla ya adhabu.

"Watu watavukaje?" mshtakiwa akauliza.

Mkalimani akalitafsiri hilo nalo, neno kwa neno. Hakimu hakuliandika. Shauri zima lilikwisha kabla chai ya karani haijapoa, na kesi ya kumi na tano ikaitwa.

Wiki tatu zikapita. Mkalimani aliishi vyumba viwili na dada yake mkubwa, ambaye macho yalikuwa yakimfifia na kila Alhamisi alivushwa ghuba kwenda kliniki ya ng'ambo. Aliyempeleka siku zote alikuwa binti wa dada huyo. Lakini Alhamisi hiyo binti alikuwa na homa, basi mkalimani akaomba ruhusa kazini, akamshika dada yake mkono wakateremka gatini.

Boti iliyokuwa ikingoja ilikuwa ndefu, nyeupe, mdomo juu. Ilipoondoka, ilipiga mawimbi kama inagombana nayo. Dada akarushiwa maji mpaka kifuani.

"Hii siyo ya siku zote," alisema, akijipangusa uso kwa ncha ya khanga. "Ya Taratibu iko wapi?"

"Taratibu nani?" mkalimani akauliza.

Mama mmoja aliyepakata kapu akajibu yeye. "Taratibu kafungwa, bibi. Miezi sita. Eti alikwenda mbio."

Boti nzima ikaangua kicheko, hata mwendeshaji.

"Taratibu? Mbio?" Dada naye alicheka mpaka akakohoa. "Mtu ambaye bata wanampita na kumwamkia! Mimi nilikuwa nikipanda pale nasinzia, naota, naamka, bado hatujafika."

"Na ana hicho kijinjini chake," mwingine akadakia, "kikikohoa mara mbili lazima akibembeleze."

Mkalimani hakucheka. Alishika ukingo wa boti kwa mikono miwili. Aliliona mbele yake lile jina la ukoo refu lililokuwa kwenye hati. Hakuna aliyekuwa amelitumia hapa, kumbe mwenye jina hilo huku gatini alikuwa Taratibu.

Waliporudi saa tisa, alimkalisha dada yake kwenye benchi la gati akaenda kuuliza. Akaonyeshwa mashua ya mbao iliyovutwa juu ya mchanga, pana kama beseni, rangi imebanduka. Kwa nyuma ilikuwa imefungwa injini ndogo iliyofunikwa gunia. Mwanamke alikuwa ndani yake akikwangua ukoga kwa kipande cha bati.

"Shikamoo, dada," mwanamke akasema, bila kuacha kukwangua.

"Marahaba. Hii ndiyo ya Taratibu?"

"Ndiyo. Mimi mkewe."

"Inakwenda mbio kiasi gani?"

Yule mke alinyanyua kichwa, akamtazama kutafuta dhihaka. Hakuiona. "Ukitembea ufukweni bila kubeba kitu, mnafika pamoja. Ukikimbia, unaisubiri."

"Na nyinyi mnaiitaje?"

"Tuiiteje? Motaboti. Si ina mota?"

Mkalimani akakaa kwenye gogo lililokuwa hapo. Hakuwa amepanga kukaa.

"Wanasema mahakamani alikubali kosa," mke akaendelea. "Nilimwuliza nilipokwenda kumwona, kwa nini ukubali? Akaniambia, niliulizwa kama nina motaboti, ningesema nina punda? Sasa mtu unaambiwa nini. Nimechoka kwenda kule. Ukifika unaambiwa muda umekwisha, rudi kesho."

"Aliyeuliza ni mimi," mkalimani akasema. "Mimi ndiye mkalimani wa pale. Sheria inasema boti za kasi. Mimi nikamwambia motaboti."

Bati likasimama. Mkalimani alingoja matusi. Aliyataka hasa, maana yangempa kitu cha kubeba kingine mbali na kile alichokuwa nacho. Lakini mke akashuka, akaosha mikono ziwani, akairudia kazi yake.

"Basi rudi ukawaambie," alisema.

Akamrudisha dada yake nyumbani. Mlangoni dada akasema, "Umefanya nini, mdogo wangu? Umenibana mkono tangu gatini."

Akamsimulia. Dada akavua viatu vyake kwa kupapasa, akavipanga ukutani. "Na ukisema, watakufanyaje?"

"Sijui. Nimebakiza miezi minane nistaafu."

"Na usiposema?"

"Nimebakiza miezi minane nistaafu," akarudia, na safari hii sauti ilikuwa tofauti.

Asubuhi alikuwa wa kwanza kufika. Kwanza alifungua daftari lake la maneno, lile alilolianza mwaka wa pili wa kazi, akatafuta mahali pake. Lilikuwepo, kwa mwandiko wake mwenyewe wa ujanani: neno la sheria lenye maana ya chombo chepesi cha majini kilichoundwa kwa ajili ya kasi, mshale, halafu *motaboti*. Hakukumbuka siku aliyoliandika. Labda aliulizwa ghafla, akashika neno la kwanza lililokuja. Kwa miaka mingi halikuleta taabu, kwa sababu hakuna sheria iliyokuwa imemfunga mtu kwa ajili yake.

Hakimu alikuwa kijana, umri wa kuwa mwanawe, naye macho yake yalikuwa mekundu kwa kusoma majalada. Alimsikiliza amesimama, akaketi kabla hajamaliza.

"Mama," alisema, "unajua unachoniomba? Mimi hukumu yangu siwezi kuifuta. Lazima jalada lipande kwa jaji, likapitiwe upya. Na ili lipande, nahitaji kiapo chako. Kwa maandishi. Kwamba ulikosea."

"Nimekuja nacho." Akamwekea karatasi mezani.

Hakimu hakuigusa. "Wakishajua umekosea hapa, watauliza umekosea wapi kwingine. Miaka ishirini na minane, mama."

"Nimeliwaza hilo."

"Na?"

"Na yule mtu yuko ndani."

Hakimu akachukua karatasi.

Wiki nane zilipita jalada likisafiri kutoka meza hadi meza. Kila asubuhi mkalimani alisimama mahali pake palepale, akatafsiri wizi wa baiskeli na ugomvi wa mipaka. Ila sasa aliuliza. "Unaposema ulimsukuma, ulimsukuma vipi?" "Fimbo hiyo, ya kutembelea au ya kuchungia?" Kesi zilikwenda polepole. Mwendesha mashtaka alitazama saa yake waziwazi, na karani akaanza kumwita Mwalimu, si kwa heshima.

Siku ya kusikilizwa, Taratibu aliletwa amevaa sare ya kifungo inayomzidi mabega. Mkewe alikaa benchi la nyuma. Jaji alikuwa mwanamke mwenye miwani ya kamba, mtu wa maneno machache. Alimwita mkalimani kizimbani, mahali ambapo mkalimani alikuwa amewaona maelfu wakisimama na yeye hakuwahi kupakanyaga. Mbao zake zilikuwa zimelika kwa viganja vya watu.

"Motaboti ni nini?" jaji akauliza.

"Inategemea anayesema, mheshimiwa. Wavushaji wakisema motaboti, wana maana ya chombo chochote chenye injini, ili kukitenga na cha makasia. Askari wa ziwani wanalitumia kwa ile yao ya doria, ambayo kweli inaruka. Watalii wakiulizia motaboti wanaletewa ile nyembamba yenye viti viwili. Watoto wa ufukweni, chochote kinachonguruma."

"Kwa hiyo neno lina maana ya kasi, au halina?"

"Wapo wanaolitumia hivyo. Lakini neno lenyewe ni mota na boti. Mbio hazimo ndani yake, mheshimiwa. Mtu akizitaka mbio huziongezea mwenyewe. Atasema boti ya kasi, au atasema spidi. Mshtakiwa hakusema hivyo. Hakuna aliyemwuliza."

Mwendesha mashtaka akainuka. "Umekuwa mkalimani miaka ishirini na minane. Tofauti hiyo uliijua siku ile?"

"Niliijua."

"Sasa kwa nini hukumwuliza?"

Alikuwa ametayarisha jibu la hilo. Lilikuwa refu, lenye idadi ya kesi na upungufu wa watumishi, na kila kitu ndani yake kilikuwa kweli. Lakini alipofumbua kinywa hakuliona.

"Nilikuwa nimechoka," akasema.

Jaji alivua miwani, akaifuta, akaivaa tena. Halafu akamgeukia Taratibu na kumwuliza, kupitia kwa mkalimani mgeni aliyeletwa kwa siku hiyo, chombo chake kinakwendaje.

"Kinafika," Taratibu alijibu.

Mkewe alicheka peke yake kule nyuma, akajiziba mdomo.

Hukumu ilifutwa siku ile ile kabla ya saa kumi. Askari alimfungulia Taratibu mlango wa pembeni, akatoka na nguo zake za zamani zikinuka kabati. Alikuwa amekaa ndani miezi miwili na siku kumi na nane. Mkalimani alikuwa akingoja chini ya ukuta, mkoba kifuani. Alikuwa amejiambia hataomba msamaha kwa maneno mengi.

"Nisamehe, kaka," alisema.

Taratibu alimgeukia. Alikuwa amekonda, na shingo yake ilicheza ndani ya kola.

"Ulikuja," alisema. "Wengi hawaji." Kisha, baada ya kufikiri, "Lakini siku kumi na moja za mwisho niliugua mle ndani. Hizo sijui nizipeleke wapi."

Mkewe alimshika kiwiko, wakaenda zao kwa hatua ndogo.

Juma lililofuata barua ikaja. Mkalimani hakufukuzwa. Aliondolewa chumba cha mahakama, akapelekwa masjala, chumba cha nyuma chenye dirisha moja na rafu mpaka darini. Kazi aliyopewa ilikuwa kuyafungua majalada yote ya sheria ile ya ziwani aliyoyatafsiri, na kueleza kwa maandishi ni wapi alitumia lile neno.

Aliyapata manne, ukiacha la Taratibu. Katika matatu, mashahidi wenyewe walisema chombo kiliruka, kilishindana, kilimwangusha mtu majini. Hapo hakuwa na wasiwasi. Jalada la nne lilikuwa jembamba, karatasi tatu. Mtu alikuwa akivusha magunia ya mkaa. Aliulizwa swali lile lile kwa maneno yale yale, akajibu, "Ndiyo, motaboti." Alifungwa miezi sita, akaimaliza yote, akatoka. Miaka miwili ilikuwa imepita. Mahali pa anwani palikuwa na jina la mtaa tu, na maneno "karibu na kisima."

Alilisoma mara mbili. Akachukua karatasi safi, akaandika maelezo yake, akatia sahihi. Mkuu wa masjala alilipokea, akasema litasubiri, maana aliyehusika hakukata rufaa na hakuna anayelalamika.

"Huenda hajui kwamba angeweza kulalamika," mkalimani alisema.

"Huenda. Acha hapo, mama. Umekwisha fanya sehemu yako."

Jumamosi, siku yake ya mapumziko, alimwandalia dada yake chai, akavaa viatu vipana visivyobana, akatoka. Mtaa ule ulikuwa upande wa juu wa mji, kwa mguu saa nzima. Alipumzika mara tatu njiani. Kisima alikiona, na wanawake wawili wakichota.

Akawasalimu, akawauliza kama wanamfahamu mtu fulani, zamani alikuwa akivusha mkaa.

"Mwenye motaboti?" mmoja akauliza, akitua ndoo. "Alikuwa akikaa pale, mlango wa kijani. Siku hizi anashona viatu. Nenda kabishe hodi, yupo."