Sekunde Arobaini na Saba hadi Dirishani

Paka akianguka ngazini kwenye katuni, jueni kuna mtu ameketi chumbani anahesabu vidato. Mtu huyo ni mimi. Vidato kumi na kimoja, noti kumi na moja za kinanda, na mwisho matoazi, pwaa, kwa sababu kichwa kimegonga ndoo. Kazini wananiita Ngazi. Sina kinyongo. Miaka ishirini na minne nimekula kwa hizo ngazi, watoto wa watu wamecheka mpaka wakajikojolea, na sijaona mzazi hata mmoja aliyejiuliza nani kazipiga zile noti. Sawa tu.

Ila nina ulemavu mmoja, niuseme mapema. Siwezi kutunga bila picha. Nipe sungura anayekimbia, nipe hata jiwe linalobingirika, dakika kumi muziki unao. Lakini niambie, "Tunga tu wimbo, kutoka moyoni," na utanikuta mbele ya kinanda kama mtu aliyefika dukani akasahau alichofuata. Moyoni humo nimeingia mara nyingi. Sijakuta noti hata moja.

Na dada yangu, katika maisha yake yote, aliniomba kitu kimoja tu: wimbo.

Dada ndiye aliyenilea. Alikuwa fundi wa kushona, na mdundo wa kwanza niliosikia duniani ni wa mguu wake ukikanyaga cherehani, mimi nikiwa chini ya meza napiga kopo kumfuatisha. Kinanda changu cha kwanza alikinunua yeye, kwa sare za shule za watoto wa wengine. Siku nilipopata katuni yangu ya kwanza alinikumbatia mpaka mbavu zikalia. "Sasa, mdogo wangu, utanitungia wimbo wangu," akasema. "Wangu peke yangu. Usiwe na paka ndani." Nikamwambia mwezi ujao. Mwezi ujao huo ulichukua miaka ishirini na minne.

Kisha moyo wake ukachoka. Miguu ikavimba, pumzi ikawa fupi. Daktari alimwambia binti yake, na binti yake akaniambia mimi jikoni, kafungulia bomba maji yamwagike ili mama asisikie: "Ni miezi, mjomba. Si miaka." Dada hakuambiwa, lakini dada hakuwa mjinga. Jumapili iliyofuata akanikazia macho kutoka kitandani.

"Wewe kichwa maji. Wimbo wangu uko wapi?"

"Uko njiani, dada."

"Njia gani hiyo isiyofika? Sikiliza. Nataka niusikie kwa masikio yangu haya. Usije ukanipigia niko sandukuni, nitaugonga mfuniko mpaka waombolezaji wakimbie."

Akacheka, kikohozi kikamkatiza. Nami nikacheka, halafu nikaenda kulia ndani ya gari.

Nilijaribu, haki ya nani nilijaribu. Wiki mbili nzima. Kila wimbo ulianza kwa huzuni vizuri, ukifika katikati unasikia kabisa kuna mtu kateleza. Mwishowe nikasema, kama siwezi bila picha, basi niitafute picha. Jumapili ya tatu niliegemeza simu kwenye rafu ya chumbani kwake, kati ya kopo la vifungo na mkasi, nikaibonyeza irekodi. "Dada, naenda kuchemsha chai," nikasema. "Hebu fungua pazia, humu giza." Nikatoka nikafunga mlango. Nilijua nimemfanyia hila mgonjwa. Nikajiambia ni hila ya heri.

Kesho yake asubuhi, nyumbani, nikaiweka ile video kwenye skrini. Kwanza nikaizima sauti, kama tufanyavyo kazini siku zote, maana sauti za kwenye picha zinakuvuruga. Kisha nikaikata pale pazia linapofunguka. Nilichungulia tu nikaona baada ya hapo kasimama, kanipa mgongo, nami sikuwa na kazi na mgongo. Zikabaki sekunde arobaini na saba. Anainuka kitandani kwa mikono miwili. Hatua tatu. Anashika cherehani, anapumzika sekunde nne. Hatua tano, mguu wa kushoto ukiburuta. Pazia.

Muziki ukaja wenyewe. Noti nzito kwa kila hatua, zile sekunde nne nikaziacha kimya kabisa, na pazia lilipofunguka nikafungua vidole vyote kumi. Nilimaliza kabla ya chakula cha mchana, uso umelowa. Ni kitu bora kuliko vyote nilivyowahi kutunga, na nalisema hilo bila haya kwa sababu hakikutoka kwangu.

Ningempelekea jioni ile ile. Lakini mimi huyu nikasema hapana, kinanda kitupu hakimtoshi dada, nimtafute mpiga fidla wa kweli, nimpelekee Jumapili ijayo. Ona ujinga huo!

Wiki hiyo hiyo prodyuza wetu, mama mmoja mpole wa sauti tu, alikuwa amenivalia njuga. Katuni mpya ilikuwa na Bibi Kobe, anayekaa ghorofa ya juu kabisa, na mama huyo alitaka muziki wa mwendo wake. Nilimpelekea mitatu, yote akaitupa. "Ngazi, huyu si kobe," akaniambia. "Huyu ni paka kavaa gamba." Alhamisi akapiga simu: wachoraji wamekaa bure, nipe chochote, leo, sasa hivi.

Nikampa wimbo wa dada.

Ngojeni kwanza nieleze, mtanitukana baadaye. Kazini kwetu kuna muziki wa kushikizia. Mafundi wa nguo wana kitu hicho hicho, wanaita bandi: ile mishono mirefu ya kushikiza kitambaa kabla hujakishona kweli, kisha unaufumua uzi unautupa. Nasi tunaweka muziki wowote ili kazi isilale, baadaye tunautoa, tunaweka wenyewe. Nimefanya hivyo mara mia na haijaniuma hata mara moja. Nikamwandikia prodyuza: huu wa bandi tu, nitautoa Jumatatu.

Kilichonipita ni kwamba safari hii picha haikuwepo. Miaka yote picha inatangulia, mimi nafuata nyuma na noti zangu. Bibi Kobe alikuwa bado hajachorwa mwendo. Wachoraji wakaufungua ule muziki, wakamchora kuufuata. Hatua tatu. Kisha kimya cha sekunde nne, wakaona huyu bibi lazima ashike kitu apumzike, wakamchorea kabati. Hatua tano, na noti moja inajivuta, wakamburutisha mguu wa kushoto. Mwisho vidole kumi, wakamchorea dirisha linafunguka. Hawakuwahi kumwona dada yangu hata kwa picha. Jumamosi waliponionyesha michoro ya kwanza, chumba kizima kiliangua kicheko. Yule kobe alikuwa na miwani na kitambaa kichwani, na alikuwa dada yangu.

"Utoe," nikamwambia prodyuza. "Nilikwambia ule wa kushikizia."

"Nitoe nini, Ngazi? Watu kumi na wawili wamemchora juu ya huo muziki. Nikiutoa, bibi wa watu anatembea hewani." Akanishika bega. "Na ndio mzuri kuliko yote uliyowahi kutupa. Mbona hufurahi?"

Ningeweza kupiga meza. Ningeweza kusema, mnayemcheka ni dada yangu na anakufa. Nilikuwa na kinywa, nilikuwa na ulimi. Nikasema sawa.

Basi Jumapili ningempelekea nini? Ule wake nilishaugawa, na kuucheza mbele yake kungekuwa kumdanganya uso kwa uso. Nikaona bora nimdanganye kwa mwingine. Nilikuwa na kipande kilichobaki kutoka katuni ya puto lililopotea, nikakitia fidla. Dada alikisikiliza mpaka mwisho, amefumba macho, mikono kaikunja kifuani.

"Mzuri," akasema. "Wa nani?"

"Wako, dada."

"Haya. Asante, mdogo wangu." Akavuta shuka. "Mimi naendelea kusubiri."

Wiki chache baadaye kipindi kilirushwa, Jumamosi saa tisa alasiri. Dada hakuwahi kukosa katuni yangu hata moja. Alikuwa anakaa mpaka yale majina ya mwisho yanayopita mbio, akiliona langu anapiga kofi moja, pa, kama mtu aliyeua mbu. Kwa hiyo nilikwenda mapema, nikapita nyuma ya runinga, nikachomoa waya. Nikatangaza kwamba imeharibika. Mjukuu wake wa miaka sita akainama, akauchomeka. "Babu, hata TV huijui?" akasema, akapanda kitandani akajibana ubavuni kwa bibi yake.

Bibi Kobe akainuka kwa mikono miwili, na mtoto akaanza kucheka hapo hapo. Hatua tatu. Akashika kabati. Sekunde nne zile nilikuwa nimesimama kati ya kitanda na dirisha, mkono wangu uko juu ya cherehani.

"Bibi! Bibi, tazama! Anatembea kama wewe!"

Dada hakunitazama mimi. Alitazama runinga mpaka mguu ukaburuta, mpaka dirisha likafunguka na muziki ukafunguka nalo, mtoto bado anajigaragaza kwa kicheko. Kisha akasema taratibu, "Kumbe ilikuwa ya hii."

Nilidhani anausema wimbo. Nikapiga magoti mzee mzima, nikammwagia yote: bandi, wachoraji, prodyuza, puto.

"Bandi hufumuliwa," akasema.

"Haikufumulika, dada."

"Nilikuomba kimoja tu. Kisicho na paka."

"Ndiyo, dada."

"Zima."

Jina langu lilikuwa bado halijapita. Nikazima.

Alinisamehe siku ile ile, kwa mdomo, tena mbele ya binti yake, ili nisimsumbue. Akaendelea kunitania, akaendelea kuniita kichwa maji. Ila hakuinuka tena mbele yangu. Nikifika, nakuta ameketi. Nikikaa masaa manne, anaketi masaa manne. Mara moja nilimwona anabanwa, anauma mdomo, anatazama mlango wa msalani. Nikasema, "Dada, nikushike?" Akasema, "Wewe nenda nyumbani, mdogo wangu, umechoka." Nikatoka. Nilipofika barazani nikasikia hatua tatu, kisha kimya. Nikahesabu nne. Hesabu ya kazi hiyo, siwezi kuizuia.

Alifariki wiki ya tisa tangu kipindi kile, asubuhi, mkono wake uko mkononi mwa binti yake. Mimi nilikuwa studio na Bibi Kobe. Watu walikuwa wamempenda kupita kiasi, wanataka vipindi ishirini na sita zaidi, na mtaani kwangu watoto walikuwa wanaigiza mwendo wake, mmoja anatembea, wenzake wanamwimbia noti. Mazikoni sikupiga chochote. Binti yake aliniangalia mara moja, akaona uso wangu, akageukia kwingine.

Wiki iliyopita akanipigia. "Mjomba, nina picha za mama za kusimama tu. Huna hata video moja, akiwa anatembea?"

Nikasema sina. Kisha nikakumbuka ile ya kwenye simu, nzima, ambayo sijawahi kuifungulia sauti. Nikaketi kwenye kiti changu cha kazi, nikaifungua.

Mlango unafungwa, ndio mimi naenda kuchemsha chai. Kitanda kinalia. Hatua tatu, cherehani, sekunde nne. Hatua tano. Pazia. Hapo ndipo nilipokata, na hapo sasa picha ikaendelea. Amesimama kanipa mgongo, anatazama nje, mabega yanapanda na kushuka. Halafu akasema, hakugeuka, akaliambia dirisha:

"Kichwa maji wewe. Unadhani sijaiona hiyo simu? Haya, nimetembea kwa ajili yako. Nimekwenda polepole makusudi, na hapo kwenye cherehani nimesimama hata sijachoka, ili wimbo wangu usije ukawa mfupi."

Nikasimamisha video. Basi ndiyo simu aliyoisema siku ile mbele ya runinga. Kumbe ilikuwa ya hii. Aliondoka duniani akiamini nilimrekodi ili nimtie kwenye katuni, na mimi nilikuwa nimepiga magoti pale namweleza habari za wachoraji, simu sikuitaja hata mara moja.

Niliiachia iendelee. Ikasikika sauti yangu kutoka jikoni, ya furaha kabisa: "Dada! Sukari vijiko vingapi?"

"Viwili," akajibu. Akageuka, akarudi kitandani, akaketi na kujifunika shuka kabla sijaingia. Nilihesabu. Sekunde kumi na tisa.