Nyasi za Chepkosgei

Kiangazi cha 1999 kilipoikausha Chebunyo, ni shamba la mjane Chepkosgei tu lililobaki na malisho. Zilikuwa nyasi za kienyeji, zinazoota kwa mashina mazito na kuishi miaka mingi. Aliwaondoa ng'ombe wake wawili kila mara kabla hawajazila hadi chini, maana shina likibaki huchipuka tena.

Alipoenda Litein kumzika dada yake, shemeji yake Kipkurui, ndugu wa marehemu mumewe, alileta trekta akalima shamba lote.

"Shemeji, umeng'oa hata mizizi!" Chepkosgei alilia aliporudi. "Ng'ombe wangu watakula nini?"

"Shamba ni la ndugu yangu, na wewe hukumzalia mtoto," Kipkurui alijibu. "Mimi nataka mahindi."

Mvua ilinyesha mara mbili tu. Mahindi yalichipuka, yakakauka. Ng'ombe mmoja akafa. Wa pili alipoanguka, Chepkosgei alimlisha majani ya miti kwa mkono siku tatu, lakini hakusimama tena.

Kipkurui alikuja na kisu. "Nipishe nimchinje kabla hajawa mzoga."

Chepkosgei hakupisha. Aliketi chini, akakishika kichwa cha ng'ombe wake mpaka shemeji akamaliza kumchinja.