Honi Mbili Fupi na Moja Ndefu

Mama alitoka getini akijifuta mikono kwenye gauni lake la kijani, na baba akakanyaga breki kwa nguvu zake zote. Breki yenyewe ilikuwa ya plastiki, imebandikwa sakafuni kwa utepe mpana, na lori alilokuwa akiliendesha lilikuwa ndani ya kompyuta. Lakini mama alikuwa mama. Na mama tulikuwa tumemzika miaka minne nyuma.

Watu hudhani mtu akishtuka hupiga kelele. Mimi ulimi uliniganda. Nikajikuta nimekaa kitako sakafuni kando ya kiti cha baba, kikombe cha chai bado mkononi, na chai inanimwagikia mapajani bila mimi kusikia moto wake. Baba alikuwa amekodoa macho. Kwenye kioo, mama aliinua mkono wa kushoto akakinga jua, akatazama upande wetu. Sura yake ilikuwa ya kuchongwa-chongwa tu, kama sanamu ambayo fundi wake hakuimaliza, lakini mkono ule haukuwa wa mtu mwingine. Mama alikuwa wa kushoto katika kila jambo, hata kufunga mlango.

Ngoja nianzie mbali kidogo, maana bila hivyo mtaniona nimerukwa na akili.

Baba yangu aliendesha malori tangu kabla sijazaliwa mpaka sukari ilipomshuka miguuni. Mguu wa kulia ulikufa ganzi, daktari akasema huo si mguu wa kukanyagia breki ya lori lenye mzigo, na leseni ikaishia hapo. Mtu aliyezoea kuona milima na mipaka akabaki anatazama ukuta wa sebule. Akanuna. Aligombana na redio, akagombana na jogoo wa jirani, na jogoo akichoka, zamu ilikuwa yangu. Mimi, binti yake, nafanya kazi kwenye duka la miwani, nakata lenzi zikae kwenye fremu. Dukani walipobadilisha kompyuta nikachukua moja kuukuu, nikaiwekea mchezo wa kuendesha malori, nikatafuta na usukani wa mtumba wenye pedali zake. Nilimwekea mezani huku nimejiandaa kutukanwa, kwa sababu nyumbani kwetu neno mchezo lilikuwa mwiko.

Mwiko huo ulitokana na mdogo wangu, kitinda mimba. Mama alimwita Kijiko, kwani utotoni hakulala mpaka ashike kijiko mkononi. Wakati wa likizo ndiye aliyepanda lori na baba, akikaa kiti cha utingo, anahesabu matuta kwa sauti. Baba akaona mrithi amepatikana, akamlipia chuo cha ufundi wa magari. Siku moja kijana akaacha chuo. Alisema anataka kutengeneza michezo ya kompyuta. Baba alikuwa ndiyo kwanza ameshuka safarini, vumbi lingali kwenye nyusi, hakutaka hata kukaa. "Michezo hailishi mtu," alimwambia. "Ukitoka kwa mlango huo, usiniite baba tena."

Kijiko akatoka kwa mlango huohuo.

Simu yake ikafa. Mama alimwulizia kwa kila aliyemjua na kwa wengine asiowajua, akamwulizia mpaka ugonjwa ulipomlaza, na hata pale kitandani kila gari likisimama nje aligeuza kichwa. Siku ya mazishi baba alikaa uso umeelekea barabarani tangu asubuhi. Hakutokea mtu. Jioni yake akasema, "Asiyekuwepo na lake halipo," akamgawia jirani kitanda cha Kijiko, na jina lake halikutajwa tena. Mwaka uliofuata barabara ikapanuliwa, nyumba yetu ikabomolewa, tukahamia hii ya kupanga upande wa pili wa mji. Basi hata kama angetaka kurudi, angerudi wapi?

Turudi kwenye mchezo. Baba hakunitukana. Alishika usukani kwa mkono mmoja, akatazama barabara nyeusi iliyonyooka, na kufikia jioni alikuwa analalamika, nami nikajua amependa. Barabara gani hii haina shimo hata moja? Mbuzi wako wapi? Na madereva hawa wanaosubiriana kwa adabu namna hii wametoka sayari gani? Nikamweleza kuna vitu vinaitwa modi, nyongeza ambazo wachezaji hujitengenezea wenyewe na kugawiana bure, ukitaka mashimo utapata mashimo. Akasema nimletee mashimo.

Nikazinakili modi kwa mkono, moja juu ya nyingine, ndani ya faili za mchezo, kama mtu anayerundika vyombo kwenye beseni. Mchezo ukafa. Kioo kikawa cheusi, na baba akabaki ameshika usukani akitazama giza, akaniuliza kwa upole ambao sikuuzoea kama nimeuua kabisa. Ule upole uliniumiza kuliko matusi yake yote. Ndipo Jumamosi moja baada ya chakula cha mchana nikakaa niweke programu ya kusimamia modi, jambo nililopaswa kulifanya tangu mwanzo.

Si jambo gumu. Kwanza nikaufuta mchezo wote na kuuweka upya, uwe safi. Kisha nikaionyesha programu mahali mchezo ulipo na mahali pa kuweka ghala lake. Modi zote hukaa ghalani, na mchezo ukiwashwa programu huziazimisha, faili za asili zisiguswe. Ukiichoka modi, unaondoa alama ya tiki, yamekwisha. Kinachotaka akili ni mpangilio. Modi mbili zikigombea barabara moja, ile iliyo chini ndiyo inayoshinda. Nilimweleza baba hayo, naye akacheka.

"Kumbe kama nyumba hii," alisema. "Wa mwisho ndiye mwenye kauli."

Kisha akakumbuka wa mwisho wa nyumba hii alikuwa nani, na kicheko kikamkauka mdomoni. Mimi nikajifanya nasoma kitu.

Nikaweka mashimo. Nikaweka mbuzi. Nikaweka honi ya lori la zamani, maana ile ya mchezo baba alisema inalia kama kengele ya baiskeli. Halafu, kwa utani tu, nikatafuta ramani kwa Kiswahili, nikitarajia kukuta patupu. Ikatokea moja, jina lake Njia ya Vumbi, waliokwisha kuipakua hawajazi hata basi dogo. Jina la mtengenezaji sikulitazama. Nani husoma jina la mshonaji ndani ya kola? Programu ikanionya kwamba ramani hiyo inagombana na mashimo yangu, kwani ina mashimo yake yenyewe. Nikaishusha chini kabisa ili yenyewe ishinde, nikaenda kupika chai.

Nilirudi na kikombe, nikamkuta baba kwenye barabara ya vumbi, ameinamia usukani.

"Hapa kuna tuta," alisema. Na tuta likaja, ingawa mita chache mbele ya pale alipolitarajia, akapunguza mwendo akiguna. Nikadhani amebahatisha; dereva mzee hunusa matuta.

"Kona inayofuata kuna gereji. Ina mlango mwekundu, na mlango haufungi vizuri."

Tukakata kona. Gereji ikatokea, mlango mwekundu, umeegeshwa kwa jiwe. Nywele zilinisimama. Tulipita kituo cha mafuta chenye pampu moja, tukapita kibanda cha fundi viatu, na mbele yetu ikafunguka kona ambayo siku hizi haipo tena popote duniani. Nadhani hakufikiri. Nadhani mkono wake ulikwenda wenyewe, kama ulivyokwenda miaka yote akifika kona ile kutoka safarini, ili mama asikie na kubandika maji ya kuoga. Akapiga honi: mbili fupi, moja ndefu.

Na geti likafunguka.

Niliinuka pale sakafuni. Nilimwuliza baba ni nani ametengeneza kitu hiki.

"Ni nani mwingine aliyekaa kiti cha utingo?" alisema, bila kuyaondoa macho kwa mama.

Nilifungua programu pembeni ya kioo, nikaigusa ile ramani, na jina la mtengenezaji likajitokeza wazi: Kijiko. Nikafungua ukurasa wake. Mwezi uliopita mchezaji mmoja alikuwa amelalamika kwamba ameona kwenye picha mwanamke anatoka getini, lakini kwake hatoki kamwe. Kijiko alimjibu wiki ileile. "Hutoka akisikia honi ya mume wake tu. Ni mama yangu huyo. Hajui kama nimemweka humu. Nikirudi nitamwonyesha, najua atacheka sana."

Yuko hai! Nikalisoma jibu lake kwa sauti, nikalisoma tena. Nilipofika pale kwenye kucheka, ndipo nikashtuka mara ya pili, na mshtuko huu ulikuwa mbaya kuliko wa kwanza. Ule wa kwanza ulinionyesha mama yu hai mahali ambapo hayupo. Huu ulinionyesha kwamba kuna mtu mmoja duniani ambaye kwake mama alikuwa bado hajafa, na huyo mtu ni mdogo wangu.

"Hajui," nilisema.

"Hajui," alisema baba. Machozi yalikuwa yanamshuka naye hayafuti.

Nilivuta kibodi nimwandikie. Baba akanishika mkono kwa nguvu ambazo sikujua kama bado anazo. Msiba hauandikwi kwenye mchezo, alisema. Mtoto huambiwa msiba akiwa ameshikwa bega. Basi tuandike nini? Mama wa kwenye kioo akamaliza kungoja, akarudi ndani.

"Mwandikie kwamba tuta la kwa gereji liko kabla ya nguzo ya umeme, si baada yake."

Nikamtazama. Nilidhani mshtuko umemvuruga.

"Andika hivyohivyo," alisema. "Atajua ni nani."

Nikaandika. Siku zilizofuata baba aliendesha kila alasiri nikitoka kazini, lakini alisimamisha lori kwenye kituo cha mafuta na kuzima injini. Honi hakuigusa. Nilipomwuliza, alisema si haki amwite mke wake apendavyo huku aliyemjenga hajui kilichompata. Hata mimi nilikuwa natamani kumwona tena, na nilikuwa nimeanza kujichukia kwa tamaa hiyo.

Kisha alasiri moja programu ikaweka alama pembeni ya Njia ya Vumbi: kuna toleo jipya. Nikalipakua baba amesimama nyuma yangu, ameegemea fimbo. Akakaa, akaendesha. Tuta lilikuwa kabla ya nguzo. Akalivuka taratibu, akaguna kama mtu aliyelipwa haki yake. Chini ya maneno yangu kulikuwa na jibu.

"Limesogezwa, mzee. Je, mama ameshaiona?"

Baba alilisoma kwa miwani niliyomtengenezea mwenyewe, akaivua, akaifuta, akalisoma tena. Halafu akaniomba nimpishe. Aliandika kwa kidole kimoja, akitafuta kila herufi kama anayetafuta sindano, nami nikasimama pembeni na maumivu ya kungoja. Aliandika: "Njoo mwanangu. Tulihama. Dada yako atakuelekeza." Nilimwuliza je, la mama? Akasema atamwambia yeye mwenyewe, uso kwa uso, na kwamba neno la kwanza atakaloomba siku hiyo ni radhi. Sikuwahi kumsikia baba akiomba radhi kwa mtu yeyote.

Kijiko akajibu kwamba anakuja, nikamtumia maelekezo, nasi tukajipanga vizuri. Siku yenyewe baba alikaa kwenye kiti getini tangu asubuhi ili yeye ndiye awe wa kwanza kuonekana, amshike bega kabla kijana hajauliza. Maneno alikuwa nayo tayari, nilimsikia akiyanong'ona. Jua lilipopanda akajitazama, akaona shati lake limelowa jasho. Hawezi kumpokea mtoto hivi, alisema. Nikamshika mkono nikamwingiza ndani abadilishe, jambo la dakika chache tu. Nilikuwa nimelowanisha kitambaa nimpanguse shingo, naye alikuwa kwenye kifungo cha pili, tuliposikia gari linasimama nje.

Kijiko alikuwa amemwomba dereva wa teksi. Mbili fupi, moja ndefu.

Mkono wa baba uligandia kwenye kifungo. Nilimwona akijaribu kuinuka, na mguu ukamkatalia. Akajaribu tena. Kisha akanitazama, uso umemvunjika.

"Nenda wewe," alisema.

Nikaenda. Nilikuwa nimevuka mlango ndipo nikagundua kwamba najifuta mikono kwenye gauni. Nilifungua geti, jua likanipiga machoni, nikainua mkono kulikinga. Alikuwa amesimama kando ya teksi, mtu mzima mwenye ndevu, begi begani, meno yote nje. Akanikumbatia haraka haraka, kama mtu anayemalizia jambo dogo kabla ya kubwa. Kisha akachungulia nyuma ya bega langu, akitabasamu, akingoja.