Binti wa Pili wa Ayubu

Binti yetu alizaliwa Jumatatu, saa tatu na dakika ishirini asubuhi, akiwa na kilo tatu na gramu mia moja. Siku ya tano ilifika hana jina kamili, na kosa lilikuwa langu, ingawa sikulijua bado.

Kwetu Wakonzo nusu ya kazi ya jina huwa imekwisha kufanywa kabla mtoto hajazaliwa. Msichana wa kwanza wa mama yake ni Masika, wa pili Biira, wa tatu Kabugho, wa nne Mbambu, na hesabu inaendelea. Wavulana wana orodha yao. Mimi ni Mumbere, wa kwanza. Hakuna anayechagua. Ukikutana na mwanamke aitwaye Kabugho unajua mama yake alizaa wasichana wawili kabla yake, hata kama hujapata kuwaona. Linalobaki kuchaguliwa ni jina la ubatizo tu. Kwa hiyo nilipochukua fomu ya kuandikisha mtoto, niliandika Masika kwenye nafasi ya kwanza, kwa penseli, maana mimi huanza kwa penseli. Nafasi ya pili niliiacha wazi.

Mke wangu Gorret aliisoma fomu akanirudishia.

"Mimi nataka Kezia," alisema. "Hilo lingine tutaongea."

Kisha akageukia ukuta, akaendelea kumnyonyesha mtoto.

Nilijua alichokuwa akikigeukia. Miaka mitatu kabla ya hapo tulizaa msichana aliyeishi saa tisa. Tulimzika Muhokya, kwenye shamba la baba yangu, nyuma ya migomba. Watu walipouliza mtoto anaitwa nani, niliwajibu mimi, kwa kuwa Gorret alikuwa bado amelazwa. Niliwaambia hana jina, huyo hatutamhesabu, tutaanza upya. Nilidhani ninampunguzia mke wangu mzigo. Alipotoka hospitali akaambiwa nilivyosema, hakupinga wala hakukubali, na hatukulizungumza tena. Sasa kulikuwa na fomu. Kwa Gorret, kama huyu aliye kifuani mwake ni Masika, basi yule wa Muhokya hakuzaliwa.

Mimi sikuliona hivyo. Niliona kwamba tuna mtoto mmoja, na mmoja ndiye wa kwanza.

Dada yangu Kabugho alikuja jioni hiyo na debe la unga wa muhogo kichwani na maoni yake mdomoni.

"Kezia!" alisema, akicheka hata debe likataka kuanguka. "Wifi, unamwonea mtoto. Hilo ni jina la mama wa kanisa, amevaa gomesi, mwavuli kwapani, anakohoa watu wanyamaze. Mtoto atazaliwa leo na kesho aanze kuumwa magoti?"

"Magoti yatakuwa yake," Gorret alisema.

"Na wewe Bwana Maabara, unasemaje?"

Bwana Maabara ni mimi. Ninafanya kazi kwenye maabara ya kiwanda huko Hima, ninapima saruji, na nyumbani wamenipa jina hilo kwa sababu hupima pia chumvi ya mboga.

"Siwezi kuandika jina nisilojua maana yake," nilijibu.

"Na Masika unajua maana yake?"

"Ni wa kwanza."

Kabugho aliacha kucheka. Alimtazama Gorret, akanitazama mimi. "Una uhakika?" aliniuliza.

"Huyu ndiye tuliye naye."

"Haya. Wewe ndiye uliyesoma." Alitua debe, akaenda kumbeba mtoto.

Kuhusu Kezia nilikuwa nimekwisha kusoma kidogo. Ni neno la Kiebrania, linataja gome la mti lenye harufu nzuri, jamaa ya mdalasini. Ni jina la binti mmoja wa Ayubu. Kwetu lilivuma wakati babu zetu walipokuwa wakibatizwa. Katika vijana niliosoma nao hakuna hata mmoja aliyeitwa hivyo. Nilimjua Kezia mmoja tu aliye hai, bibi yake Gorret, mzaa mama yake, aliyeko Bwera, mpakani. Jumamosi asubuhi niliwasha pikipiki nikaenda kumuuliza. Gorret hakunituma, lakini aliniwekea chupa ya asali kwenye mfuko na kusema, "Usimhoji kama polisi."

Mtu wa kwanza kunisimamisha Bwera alikuwa Saudah, mwenye duka la viungo linalotazamana na nyumba ya Bibi. Amefanya biashara na watu wa ng'ambo ya mpaka miaka mingi, na Kiswahili chake kimekaa hukohuko.

"Baba Mutoto! Mutoto iko namna gani?"

"Hajambo. Anakula, analala."

"Na jina?"

"Bado."

"Bado! Siku ngapi?"

"Sita, ukihesabu na ya kuzaliwa."

"Sisi Waislamu siku ya saba tunachinja mbuzi, tunanyoa nywele, jina inatoka. Mumebakisha siku moja. Ikipita, mulete huyo mutoto hapa kwangu, mimi nitamupatia."

Nilimuuliza kama ana mdalasini. Aliniletea vipande vya gome, vinene na vigumu, na nikavitazama kwa muda mrefu kuliko mteja wa kawaida.

"Iko mubaya?" aliuliza.

"Hapana. Nimesoma kwamba gome nene namna hii si mdalasini wenyewe, ni ndugu yake. Ndiyo kezia."

Saudah alilinusa gome alilouza miaka yote. "Kumbe nauza jina ya Bibi kwa mufuko," alisema, akaniongezea vipande viwili vya bure.

Bibi Kezia alikuwa ameketi kwenye mkeka mbele ya mlango, akichambua maharage. Macho yake bado yana nguvu kuliko masikio yake.

"Mume wangu!" aliniita, kama anavyoniita siku zote ili majirani wasikie. "Umezaa na mjukuu wangu, mimi umenisahau. Umeniletea nini?"

Nilimpa asali na kipande cha gome. Asali aliiweka nyuma ya mgongo, mbali na macho ya wapita njia. Gome alilinusa.

"Chai," alisema.

"Ni jina lako, Bibi. Kezia ni gome la mti huu."

"Nani kakudanganya?"

"Nimesoma."

"Basi umesoma kitabu kingine. Jina langu si la mti. Jina langu ni la hesabu." Aliinuka kwa kushika bega langu, akaingia ndani, akarudi na kopo la zamani la majani ya chai. Ndani yake kulikuwa na kadi ya ubatizo, imekunjwa mara nne, wino umekuwa wa kahawia. Niliisoma. Kezia Biira. Mwaka 1941.

Hapo ndipo nilipotambua kosa langu la kwanza. Nimemjua mwanamke huyu kwa miaka sita. Nilijua ndiye mkubwa wa watoto saba, kwa kuwa kila harusi anatajwa hivyo, na nilijua anaitwa Biira, kwa kuwa kila mtu anajua. Biira ni wa pili. Mambo hayo mawili nilikuwa nayo kichwani kwa miaka sita na sikuwahi kuyaweka pamoja.

"Masika alikuwa nani?" niliuliza.

"Haa," alisema Bibi. "Leo umeamka."

Akanisimulia, huku akiendelea na maharage yake. Mama yake alizaa msichana, mtoto akafa kwa surua kabla hajaota meno. Mwaka uliofuata akazaliwa yeye. Baba yake alikuwa amebatizwa karibuni na alitaka mambo mapya yote: shati jipya, wimbo mpya, mtoto mpya. Alimpeleka kwa Eridadi, katekista wa kanisa lao, akamwambia aandike Masika, kwa sababu wameanza upya.

"Alisema hivyo?" niliuliza. "Wameanza upya?"

"Hivyohivyo. Kwani wewe unafikiri ninyi ndio wanaume wa kwanza kusema?"

Bibi aliokota jiwe katikati ya maharage, akalirusha uani.

"Mama yangu akakataa. Akakaa chini mlangoni mwa kanisa, mimi mgongoni, akasema mtoto huyu ana dada. Baba akaona aibu. Eridadi naye hakujua afanye nini, akafungua Biblia ya Kitoro, akawasomea mwisho wa Ayubu, kumfariji. Ayubu alipoteza kila kitu, Mungu akamrudishia kila kitu mara mbili. Kondoo mara mbili. Ngamia mara mbili. Ng'ombe, punda, mara mbili. Mama akasema, na watoto? Eridadi akasoma. Wavulana saba na wasichana watatu. Mama akasema, mwanzoni alikuwa na wangapi? Eridadi akafunua nyuma. Wavulana saba na wasichana watatu."

"Hawakuongezwa," nilisema.

"Subiri, mume wangu, bado naongea. Mama yangu hakujua kusoma, lakini alijua kuhesabu mbuzi wa baba yake. Akasema, kama Mungu alirudisha vyote mara mbili na watoto ni walewale kumi, basi wale kumi wa kwanza aliwahesabu bado. Saba na saba, watatu na watatu. Hapo ndipo inapofika mara mbili. Eridadi akafunga kitabu. Mama akamuuliza, huyo binti wa pili wa Ayubu anaitwa nani? Akamwambia Kezia. Mama akasema, andika huyo. Na baada yake andika Biira."

Alicheka, meno yake matatu yakaonekana. "Baba aliandamana na jina hilo mpaka akafa. Kila aliyemuuliza, Biira yuko, Masika yuko wapi, ilibidi aseme. Mama alitaka hivyo. Aseme."

Nilikunja kadi jinsi nilivyoikuta na kuirudisha kwenye kopo. Nilipotaka kuaga, Bibi alinishika mkono.

"Mwaka ule mliozika, Gorret alikuja hapa, akakaa wiki mbili."

"Ulikuwa unaumwa. Alikuja kukuuguza."

"Mimi? Nilikuwa nalima. Alikuja kuniuliza uliloniuliza leo. Nikamwambia nilivyokuambia." Aliuachia mkono wangu. "Sasa nenda. Jua linawaka, na mke mwenzangu anakungoja."

Nilifika nyumbani Kasese saa tisa. Gorret alikuwa amelala, na mtoto kando yake. Nilichukua Biblia rafuni kwanza, kwa sababu hesabu ya mtu mwingine huwa siichukui kabla ya kuirudia. Kondoo elfu saba, kisha elfu kumi na nne. Ngamia elfu tatu, kisha elfu sita. Ng'ombe jozi mia tano, kisha jozi elfu. Punda mia tano, kisha elfu. Watoto kumi, kisha kumi. Hesabu ya mama huyo ilikuwa sawa.

Kisha nilichukua kadi ya kliniki ya Gorret. Nimeishika kila mwezi kwa miezi tisa; uzito na shinikizo la damu ninavikumbuka mpaka leo. Juu ya ukurasa wa kwanza, kwa mwandiko wa mkunga ambaye hakutufahamu na hakuwa na sababu ya kutufurahisha, palikuwa na mstari ambao sikuwahi kuutilia maanani. Mimba: ya pili. Waliozaliwa hai: mmoja. Waliopo: hakuna.

Serikali ilikuwa imemhesabu. Mungu wa Ayubu, kadiri ninavyoweza kuthibitisha, huwahesabu. Aliyeacha kuhesabu alikuwa mmoja tu, na yeye ndiye anayelipwa mshahara kwa kuhesabu.

Nilifuta neno Masika kwenye fomu na kuandika Biira. Nafasi ya pili nikaandika Kezia. Halafu nilichukua karatasi safi, kwa kuwa fomu haikuwa na nafasi kwa hili, nikaandika kwa kalamu bila kuanza na penseli: Masika. Amezaliwa Jumamosi, saa kumi na dakika kumi jioni. Kilo mbili na gramu mia nne. Ameishi saa tisa. Muhokya.

Sikuhitaji kumuuliza mtu namba hizo.

Nilichemsha chai na kutia kipande cha gome la Saudah. Harufu ilijaa nyumba. Nilipoingia chumbani na kikombe, Gorret alikuwa macho. Niliweka karatasi zote mbili juu ya shuka, na kikombe kwenye kiti.

"Mama Masika," nilisema, "chai yako."

Hakuna aliyewahi kumwita hivyo. Alisoma fomu, kisha karatasi, akarudi kwenye fomu. Kisha akaishika tena ile karatasi. Kidole chake kilikuwa kwenye uzito.

"Mia nne," alisema. "Mimi nilikuwa nimeshika kichwani mia tatu na hamsini."

"Mia nne. Nilikuwapo walipompima."

"Umeweka sukari?"

"Vijiko viwili."

Alikunywa kidogo, akafumba macho. "Ni vitatu," alisema. "Tangu lini Bwana Maabara anakosea hesabu?" Akasogea karibu na ukuta ili nipate pa kukaa.

Jumapili alasiri tulikwenda Muhokya, sisi watatu, mtoto mikononi mwa mama yake, na Kabugho akatangulia na jembe kusafisha nyuma ya migomba. Alipotuona tunakuja alisimama, akafuta mikono kwenye kitenge.

"Mleteni huyo bibi kizee wenu," aliita, "aje kumsalimu dada yake."