Vilma na Nyati Mlimani

Asubuhi ile ya Januari 1983, injini ya dizeli ya treni ya kwenda mji wa Veszprém iligoma kuwaka. Yadi nzima ya reli ya Celldömölk ikabaki na injini moja tu yenye moto: Nyati. Ndivyo watu wa reli walivyoziita injini za mvuke za aina ya 424, zilizovuta treni tangu 1924, vitani na wakati wa amani, mpaka dizeli zikazisukuma pembeni. Huyu alikuwa amesimama majira mawili ya baridi akipasha joto mabehewa, na aliyemlisha makaa ni Vilma, binti mfanyakazi wa yadi.

"Mchochea moto wangu ana homa," alisema dereva, Mzee Ambrus. "Nani ananifuata?"

Vilma, ambaye hata kuomba chumvi mezani huona haya, alishtuka kuona mkono wake uko juu.

"Wewe?" Gedeon, fundi wa dizeli, akacheka. "Wewe ni wa kuchemsha maji. Mkizima mlimani, usishike tena sepetu maishani!"

"Dizeli yako imegoma hapa hapa tambarare, kaka," Vilma akajibu.

Wenzake Gedeon wakaangua kicheko. Vilma akapanda, masikio yakimwaka.

Ah, Nyati alivyokimbia! Theluji ilipasuka pande mbili, na watoto vijijini walipunga kofia. Vilma alijaza tanuri makaa mpaka mlangoni, kama alivyozoea yadini. Baada ya Ajka mlima ukaanza, na mshale wa kipimo cha mvuke ukaanza kushuka: kumi na tatu, kumi na moja, tisa.

"Unapika maharage, binti?" Ambrus alipaza sauti. "Kujaza hivyo ni kwa injini iliyosimama! Moto umeufukia kwa makaa!"

Saba. Nyati alikuwa akivuta kwa kukoroma. Mlimani ukisimama, huondoki tena. Vilma aliona kicheko cha Gedeon mbele yake, akakidharau. Akachukua chuma kirefu, akachokoa rundo lile mpaka hewa ikapita, uso ukiungua. Kisha akatupa makaa kidogo kidogo: kona ya kushoto, kona ya kulia, kando, mbele. Funga mlango. Hesabu hadi kumi. Fungua.

Moto ukageuka mweupe, ukanguruma.

"Nane, mzee!"

"Usiniambie mimi, tupa!"

Kumi. Kumi na moja! Ambrus akafungua mvuke wote, na Nyati akapaa juu ya mlima, moshi ukipasua anga, Vilma akipiga kelele ambazo hakujua anazo kifuani.

Veszprém, mkuu wa stesheni alikuja mbio na karatasi yake ya kumbukumbu za safari. "Ambrus! Nani amechochea? Niandike nani?"

Mzee alifuta miwani, akampisha Vilma.

Vilma akainama dirishani, mweusi kwa masizi.

"Vilma Szalontai," akasema, kwa sauti iliyosikika stesheni nzima. "Na uniandike kwenye treni ya kurudi pia."